Eugene Esmonde na ndege sita za Manston: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Eugene Esmonde alikuwa nani?

Alikuwa Luteni Kamanda katika Jeshi la Wanamaji la Uingereza, mkuu wa Kikosi cha 825 cha ndege za topido, yaani bomu linalokimbia lenyewe chini ya maji. Alikufa tarehe 12 Februari 1942 katika Mlango wa Dover akiongoza ndege sita za aina ya Swordfish, kutoka uwanja wa Manston, Kent, dhidi ya manowari tatu kubwa za Ujerumani. Umri wake ulikuwa miaka 32. Zilibaki wiki mbili na siku chache atimize 33.

Kwa ukoo ni Mwairlandi. Alizaliwa 1 Machi 1909 huko Thurgoland, Yorkshire, kwa sababu tu baba yake, aliyekuwa daktari, alikuwa na kazi ya muda pale. Kwao hasa ni Drominagh, kaunti ya Tipperary, na baba yake huyohuyo baadaye alikuwa mbunge wa Tipperary Kaskazini. Eugene alisomeshwa na Wajesuiti, kwanza Wimbledon kisha Clongowes Wood. Aliwahi kuanza safari ya upadri wa kimisionari, akaona si wito wake, na mwishoni mwa 1928 akaingia jeshi la anga. Babu yake mdogo, Thomas Esmonde, alikuwa amepata Victoria Cross, nishani ya juu kabisa ya ushujaa ya Uingereza, katika vita vya Crimea. Jina hilo lilikuwa zito nyumbani kwao kabla yeye hajashika usukani wa ndege yoyote.

Alifanya nini kabla ya vita?

Alirusha ndege za jeshi la anga, akaazimwa kwa wanamaji, na 1934 akaacha jeshi akaenda Imperial Airways, kampuni ya kubeba barua na abiria. Wasomaji wa Afrika Mashariki huenda wamesikia wazee wakiisimulia: ndiyo iliyokuwa na ndege za kutua majini zilizofika Kisumu, Mombasa na Dar es Salaam kuanzia 1937. Esmonde alirusha ndege za aina hiyo pia. Mwaka 1935 alinusurika ajali kwenye mto Irrawaddy, Burma.

Aprili 1939 wanamaji walimwita tena, safari hii kwa cheo cha Luteni Kamanda. Hapa ndipo wengi hukosea wanapomchora kama kijana mwenye pupa. Alikuwa na zaidi ya miaka kumi angani, amezoea kusoma upepo na mawingu, na amewajibika kwa roho za abiria. Alijua kupima hatari.

Alipitia mapigano gani kabla ya siku ile?

Septemba 1939 alinusurika pale manowari ya kubeba ndege, Courageous, ilipozamishwa na nyambizi. Mei 1940 akakabidhiwa Kikosi cha 825.

Usiku wa 24 Mei 1941 aliongoza ndege tisa kutoka manowari ya kubeba ndege Victorious kuishambulia Bismarck, manowari kubwa ya Ujerumani, kwenye Atlantiki, katika mvua na upepo mkali, marubani wengi wakiwa wachanga. Topido moja ilipiga ubavuni, mahali penye chuma kinene, na haikuleta madhara makubwa. Ndege zote tisa zilirudi gizani, ingawa taa ya redio ya kuziongoza ilikuwa imeharibika. Kwa kazi hiyo alipewa nishani ya DSO. Novemba 1941 manowari nyingine ya kubeba ndege, Ark Royal, ilizama kikosi chake kikiwa juu yake, na baada ya hapo 825 ikarudishwa nchi kavu kujengwa upya, ikiwa na ndege sita tu tayari.

Ndege ya Swordfish ilikuwaje?

Ilikuwa ndege ya mabawa mawili, moja juu ya jingine, yaliyoshikanishwa kwa nguzo na nyaya, mifupa ya chuma iliyovikwa kitambaa. Injini moja ya Bristol Pegasus. Upana wa mabawa unakaribia mita 14. Vyumba vya watu havikuwa na paa. Ili kuiwasha, mafundi wawili walisimama ubavuni wakazungusha mkono wa chuma mpaka gurudumu zito la ndani lishike kasi, ndipo rubani akaunganisha injini.

Kasi yake ya juu kabisa ilikuwa kama kilomita 220 kwa saa, na ikibeba topido ilikaribia shabaha kwa kilomita 160 hivi. Ndege za kivita za Ujerumani za Focke-Wulf 190 zilipita 600. Tofauti hiyo ni kubwa kiasi kwamba baadhi ya marubani wa Kijerumani siku ile walishusha magurudumu ili wasiipite ndege waliyokuwa wakiilenga.

Haikuwa ndege mbaya. Iliweza kupaa kwenye sitaha fupi, kugeuka ndani ya duara dogo, na kuruka ikiwa na matundu mengi, kwa kuwa risasi nyingi zilitoboa kitambaa zikapita. Kilichoiua ni kufanya kazi mchana kweupe, karibu na viwanja vya ndege za adui, bila ulinzi wa kutosha.

Watu watatu ndani yake walifanya kazi gani?

Mbele alikaa rubani. Nyuma yake mwangalizi, ofisa aliyechora njia juu ya ramani, kupima upepo na kuitafuta meli. Mwisho kabisa mpiga redio, ambaye ndiye pia mwenye bunduki ya rashasha ya nyuma. Walisemezana kwa bomba la mpira, kwa kuwa injini na upepo vilimeza sauti.

Ndege za adui zilipotokea, mwangalizi alibadilisha kazi. Alisimama wima akitazama nyuma, akazihesabu zinavyokuja, na kumpigia rubani kelele ageuke kushoto au kulia sekunde ileile adui alipokaribia kufyatua. Ukigeuka mapema adui anakufuata, ukichelewa umekwisha. Ofisa Edgar Lee, mmoja wa walionusurika siku ile, alifanya hivyo njia nzima.

Topido ya ndege huangushwaje?

Topido ya Swordfish ilikuwa na kipenyo cha inchi 18, uzito wa kilo 730 hivi, na baruti ya kilo 176 kichwani. Ilining'inia chini ya tumbo la ndege.

Kina cha kwenda chini ya maji huwekwa ardhini kabla ya kupaa. Angani hakibadilishwi tena, kwa hiyo lazima ujue mapema unakwenda kupiga meli ya namna gani. Kisha rubani hukaribia kutoka ubavuni kuelekea mbele ya meli, akishuka mpaka mita 15 hadi 20 juu ya maji. Kwa mita mia kadhaa za mwisho hana budi kuruka sawasawa: mabawa yasiinamie upande, pua isinyanyuke, kasi isibadilike. Umbali unaofaa wa kuachia ni kama mita 900.

Halafu ni hesabu ya kutangulia. Tuseme meli inakwenda kilomita 52 kwa saa, kama zilivyokwenda zile tatu, na topido inakimbia kilomita 74 kwa saa. Kutoka mita 900 ubavuni topido itatumia sekunde 44 hivi kufika, na ndani ya sekunde hizo meli imesogea kama mita 630. Kwa hiyo rubani halengi meli. Analenga maji matupu mita 630 mbele ya mahali anapotaka kupiga. Mbele ya macho ya rubani wa Swordfish palikuwa na mstari wa vitaa vidogo vya kumsaidia kupima mtangulio huo, lakini kasi ya meli alilazimika kuikisia mwenyewe kwa kuangalia povu la omo, yaani sehemu ya mbele ya meli.

Ni makosa gani hutokea?

Ukiachia juu mno, topido huvunjika au huzama sana, na penye maji haba hujichoma mchangani. Ukiachia chini mno na bapa, hudunda juu ya maji kama jiwe la watoto. Bawa likiinama, topido huingia maji kwa upande na kupotea njia. Ukiwa karibu mno, haijawa hai: kwenye pua kuna panga dogo linalozungushwa na maji, na mpaka lizunguke umbali fulani kilipuzi hakijafunguka, hata ikigonga chuma. Ukiwa mbali mno, nahodha anaiona, anageuza meli, na topido inapita kando.

Ndiyo maana wapiga mizinga ya meli hawakuhitaji kumpiga kila rubani. Walitosheka kumlazimisha aachie mapema.

Manowari tatu zilipitaje mbele ya Uingereza mchana?

Scharnhorst, Gneisenau na Prinz Eugen zilikuwa zimekwama Brest, Ufaransa, zikipigwa mabomu kila mara. Hitler alizitaka kaskazini. Usiku wa 11 Februari 1942, chini ya Admirali Otto Ciliax, ziliondoka kupitia Mfereji wa Kiingereza zikisindikizwa na manowari ndogo na boti nyingi za kasi, na ndege za kivita zilizopangwa na Adolf Galland kubadilishana zamu juu yake.

Waingereza walikuwa na mpango, lakini walidhani meli zitatoka mchana ili zipite Dover usiku. Zikafanya kinyume. Ndege za doria zilizokuwa na rada ya kunusa baharini ziliharibikiwa na mitambo usiku uleule. Rada za pwani zilikuwa zikivurugwa na Wajerumani kidogo kidogo kwa siku kadhaa, hata walinzi wakazoea. Marubani wawili wa Spitfire, ndege za kivita za Uingereza, waliziona meli karibu saa 4:42 asubuhi, lakini amri ya kunyamaza redioni ikawafunga mdomo mpaka walipotua saa 5:09. Kwa mwendo wa meli zile, nusu saa ni kilomita 26. Mizinga ya Dover ilipofyatua, ukungu ulificha mahali risasi zilipoangukia na hakuna iliyopiga.

Kwa maoni yetu mzigo wa siku ile uko hapo, katika dhana moja iliyokataa kubadilika na mawasiliano yaliyokwenda kwa mwendo wa kobe. Vijana wa Manston walilipa deni ambalo hawakulikopa.

Kwa nini Esmonde hakungoja ulinzi ulioahidiwa?

Aliahidiwa vikosi vitano vya Spitfire. Alipopaa saa 6:25 mchana na kuzunguka juu ya pwani, zilifika ndege kumi tu, za Kikosi cha 72. Alisubiri dakika chache, kisha akapunga mkono na kuelekea baharini.

Sababu ni ya hesabu. Meli zilikuwa zinakaribia kuingia nyuma ya fungu za mchanga kaskazini mashariki ya Calais, na kila dakika ziliondoka kama mita 870. Swordfish yenye topido ina ziada ya kilomita mia moja tu kwa saa juu ya meli yenyewe. Ukichelewa robo saa, hutazikuta mahali panapofaa. Vikosi vingine vya Spitfire vilikosa miadi vikaenda kutafuta mapigano peke yao.

Admirali Bertram Ramsay wa Dover hakupenda kuwatuma mchana. Mpango ulikuwa wa usiku. Uamuzi ulifikishwa kwa Esmonde mwenyewe, naye akasema watakwenda.

Nini kilitokea angani?

Walikwenda katika makundi mawili ya ndege tatu, mita chache juu ya mawimbi. Dakika kama kumi baadaye ndege za Kijerumani ziliwavamia. Spitfire kumi zilipigana kwa nguvu zote, zikazidiwa idadi na kutenganishwa nao.

Kitambaa cha mkia wa ndege ya Esmonde kiliwaka moto. Mpiga bunduki wake, William Clinton, alitoka chumbani, akapanda juu ya mwili wa ndege kama mtu aliyempanda punda, akausogelea moto na kuuzima kwa mikono, kisha akarudi kwenye bunduki yake. Haya yote upepo wa kilomita 160 kwa saa ukimpiga, mwezi wa Februari, maji yakiwa mita chache chini yake.

Meli zikaanza kufyatua, mpaka mizinga mikubwa, ambayo risasi zake zilinyanyua kuta za maji mbele ya ndege. Bawa la kushoto la Esmonde lilivunjwa. Aliendelea kunyooka. Kutoka kilomita tatu mpaka kwenye meli, kwa kasi ile, ni sekunde 67 hivi. Alipigwa na Focke-Wulf akiwa hajafika mahali pa kuachia kwa usahihi, akaanguka pamoja na Clinton na mwangalizi William Williams.

Ndege ya pili, ya Brian Rose, ilikuwa na tangi la mafuta lililotobolewa na rubani aliyejeruhiwa mgongoni. Mpiga bunduki Ambrose Johnson alikuwa amekwisha kufa. Rose akahamia tangi la akiba, akaachia topido, akatua majini, na Lee akamwingiza kwenye mtumbwi wa mpira. Ya tatu, ya Charles Kingsmill, nayo iliachia kisha ikaanguka; yeye, mwangalizi Samples na mpiga bunduki Donald Bunce waliokolewa na boti. Kundi la pili lilionekana likivuka juu ya boti za ulinzi kuelekea kwenye meli kubwa. Hakuna aliyerudi kueleza.

Je, kuna topido iliyopiga?

Hapana. Maelezo rasmi ya nishani yalisema inaaminika angalau moja ilipiga, na hadi leo watu hulinakili neno hilo. Yaliandikwa vita vikiendelea, kabla kumbukumbu za Wajerumani hazijaonekana. Mashambulizi ya ndege na manowari nyingine mchana ule pia hayakupiga. Kilichoziumiza meli zile ni mabomu yaliyotegwa baharini: Scharnhorst iligonga mawili, Gneisenau moja, kabla ya kufika Ujerumani.

Kumheshimu Esmonde hakuhitaji topido ya kubuni.

Basi ilikuwa safari ya kujiua?

Neno hilo halifai. Alikuwa Mkatoliki mshika dini, na ndege zao zilibeba mtumbwi wa mpira na makoti ya kuelea kama kawaida. Watu watano walibaki hai baada ya siku ile kwa sababu walitumia vifaa hivyo. Esmonde alijua uwezekano ni mdogo mno, na alijua pia kwamba topido moja mahali sahihi inaweza kusimamisha meli kubwa. Siku mbili tu baada ya shambulio lake mwenyewe la Mei 1941, Swordfish nyingine za Ark Royal ziliharibu usukani wa Bismarck na kuitia mikononi mwa manowari za Uingereza.

Kwa nini Swordfish zilifaulu Taranto zikashindwa hapa?

Taranto, bandari ya Italia, Novemba 1940, ndege 21 zilifika usiku, meli za Italia zimetia nanga, na hakuna ndege za kivita angani. Hakuna hesabu ya kutangulia meli iliyosimama. Zilipotea mbili tu na meli kubwa tatu zikapigwa. Dover yote yalikuwa kinyume. Marekani nao walijifunza hivyo hivyo kwa uchungu huko Midway, katika Bahari ya Pasifiki, 4 Juni 1942, ambapo kikosi cha topido kutoka manowari ya kubeba ndege Hornet kilipoteza ndege zake zote 15 na kubaki na mtu mmoja hai.

Ndege hizi zilifika Afrika Mashariki?

Ndiyo. Baada ya Wajapani kuipiga Ceylon (sasa Sri Lanka) Aprili 1942, sehemu kubwa ya meli za Uingereza katika Bahari ya Hindi zilihamia Kilindini, Mombasa. Wanamaji walikuwa na viwanja vya ndege Port Reitz na Tanga, na karakana Nairobi. Waliviita baadhi ya vituo kwa majina ya Kiswahili: cha Nairobi kiliitwa Korongo, na kimojawapo cha Mombasa Kipanga. Mei 1942 Swordfish kutoka manowari ya kubeba ndege Illustrious zilishambulia bandari ya Diego Suarez, Madagaska, zikiwa na topido na mabomu.

Kwa nini Esmonde peke yake alipata Victoria Cross?

Kwa kanuni za wakati ule, aliyekufa vitani angeweza kupewa Victoria Cross au kutajwa kwenye taarifa rasmi, basi. Nishani za kati zilikuwa za walio hai. Ndiyo sababu maofisa wanne walionusurika, Rose, Lee, Kingsmill na Samples, walipata DSO, na Bunce, ambaye hakuwa ofisa, Conspicuous Gallantry Medal, ilhali Clinton aliyezima moto kwa mikono alitajwa tu. Victoria Cross ya Esmonde ilitangazwa 3 Machi 1942.

Amezikwa wapi, na wenzake ni akina nani?

Mwili wake uliibuka mwishoni mwa Aprili 1942 karibu na mlango wa mto Thames, akiwa bado na koti lake la kuelea. Kaburi liko makaburi ya Woodlands, Gillingham, Kent. Kumbukumbu za siku ile zipo Dover na Ramsgate; wanamaji wa anga wasio na kaburi wameandikwa kwenye mnara wa Lee-on-Solent.

Waliokufa ni 13 kati ya 18. Ndege ya kwanza: Esmonde, Williams, Clinton. Ya pili: Johnson. Kundi la pili, marubani Thompson, Wood na Bligh. Waangalizi Parkinson, Fuller-Wright na Beynon. Wapiga bunduki Tapping, Wheeler na Smith.